Bakari si "mwenye ahadi njema": barua ya wazi kwa wanaochapisha orodha za majina ya watoto

Kwenu wahariri wa vitabu vya majina ya watoto, wenye tovuti na programu za simu zinazowatafutia wazazi majina, na kwenu viongozi wa BAKITA na BAKIZA, mabaraza ya Kiswahili ya Tanzania na ya Zanzibar,

Salaamu. Sisi ni watu wa kamusi na tafsiri, na tunaandika kwa ajili ya mzazi aliyeshika simu, mimba ya miezi minane, anatafuta jina. Ameandika "majina ya Kiswahili na maana zake", nanyi mkampa orodha. Atachagua moja. Litaandikwa kwenye cheti cha kuzaliwa, na mtoto atalibeba mpaka uzeeni pamoja na ile maana mliyoiweka pembeni. Orodha nyingi tunazozisoma zina makosa ambayo mtu aliyekulia Tanga, Mombasa au Unguja angeyaona kwa kuzipitia mara moja tu.

Chukueni Bakari. Orodha baada ya orodha huliandikia "mwenye ahadi njema". Bakari ni Abubakari lililofupishwa. Abubakari ni Abū Bakr, jina la khalifa wa kwanza katika Uislamu. Abū ni baba, na bakr kwa Kiarabu ni ngamia kijana. Ahadi haimo, wala wema haumo. Ila pia mzazi wa Pemba anayemwita mwanawe Bakari hafikirii ngamia. Anamkumbuka sahaba wa Mtume, au anamrithisha mtoto jina la babu yake. Kwa hiyo hapa pana maswali matatu: neno limetoka wapi, jina lilifikaje kwetu, na watu hulitoa kwa sababu gani. Orodha zenu zina chumba kimoja tu kinachoitwa "maana", na humo hutiwa lolote litakalompendeza mnunuzi.

Uongezaji chumvi huu una mtindo wake, na ukishaujua utauona kila mahali. Khalfani, jina lililoenea Oman na Zanzibar, huandikiwa "aliyezaliwa kutawala". Mzizi wake wa Kiarabu, kh-l-f, unahusu kufuata na kushika nafasi ya aliyetangulia. Mtu alisikia khalifa, akaongeza kuzaliwa, akaongeza utawala. Zalika huandikiwa "aliyezaliwa katika ukoo bora". Ni kitenzi zaa kilichonyambuliwa, na hakuna silabi ndani yake inayobeba ukoo wala ubora. Dalila eti ni Kiswahili cha "mpole". Upole kwetu ni upole. Neno la Kiswahili lililo karibu na Dalila kwa sauti ni dalili, yaani ishara, na mwanamke wa Samsoni katika Biblia ya Kiswahili anaitwa Delila. Ayana huandikiwa "ua zuri". Kiswahili cha ua zuri ni ua zuri. Anayetaka kulitafutia Ayana kwao atazame Kioromo, chenye ayyaana, neno la mambo ya roho na baraka, au Kisomali, chenye ayaan, bahati.

Kundi la pili la makosa hutokana na majina yanayofanana kwa herufi lakini hayana undugu. Hapa tunaomba mtulie, maana ndipo hata mwandishi makini huteleza.

Amani ya Kiswahili ni hali ya utulivu bila vita, kutoka Kiarabu amān, usalama. Waarabu nao wana jina la kike Amānī, lenye irabu ndefu mwishoni, ambalo ni wingi wa neno la matamanio, matumaini ya moyoni. Mizizi ni tofauti kabisa. Orodha huandika "Amani: amani, matamanio, Kiswahili, Kiarabu" kana kwamba ni jina moja lenye maana mbili. Sanaa ndivyo hivyo. Kwetu sanaa ni kazi ya ufundi na ubunifu, kutoka Kiarabu ṣināʿa. Jina la Kiarabu Sanāʾ ni mng'aro. Shani kwa Kiswahili ni jambo la ajabu, la nadra. Shani ya Kiebrania ni rangi nyekundu iliyokoza, na Wahindu wana Shani wao, ambaye ni sayari ya Zohali. Asha wa Kilwa ni Aisha, kutoka neno la Kiarabu la aliye hai, ndugu wa kitenzi chetu ishi. Asha wa Kihindi ni tumaini. Nia kwetu ni kusudio, lakini wasichana wa Wales wanaoitwa Nia wamepewa jina lililotokana na Niamh la Kiairishi. Zuri kwetu ni la uzuri, lakini kwa Kibaski, lugha ya mpakani mwa Uhispania na Ufaransa, ni nyeupe.

La kusikitisha zaidi katika kundi hili ni Ashanti kupewa maana ya "asante". Ashanti ni watu wa Ghana, Waasante, wenye ufalme na historia yao. Asante yetu ni ahsante, kutoka Kiarabu aḥsanta, "umefanya vyema". Sauti zimekutana tu. Kumwandikia mzazi kwamba jina hilo ni shukrani kwa Kiswahili ni kuzinyang'anya jamii mbili kwa mara moja, Waasante na Waswahili.

Kisha kuna sarufi, ambayo haiwezi kurukwa. Malaika kwa Kiarabu, malāʾika, ni wingi. Mmoja ni malak. Kiswahili kiliuchukua wingi kikaufanya umoja, kwa hiyo kwetu ni malaika mmoja, malaika wawili. Anayeandika kwamba jina Malaika maana yake ni "malaika wengi" anasema Kiarabu. Anayesema ni malaika mmoja anasema Kiswahili. Wote wawili wako sawa mradi waeleze wanazungumzia lugha ipi. (Neno hilohilo ni zile nywele laini za mwilini, na kamusi nzuri haitaacha kulitaja.) Zuri nalo si neno linalosimama peke yake: ni -zuri, na huchukua umbo la ngeli, mtoto mzuri, nyumba nzuri, jicho zuri, macho mazuri. Hatusemi mtoto asiitwe Zuri. Tunasema andikeni kwamba ni kivumishi kilichogeuzwa kuwa jina, ili mama asishangae siku atakapomsikia mtu wa Malindi akisema "mtoto mzuri".

Majina ya siku ni mtego mwingine. Juma la Mswahili huanzia Jumamosi, siku ya mosi, kwa hiyo Jumanne ni ya nne kutoka hapo. Jumatano ni ya tano. Lakini Alhamisi nayo, kwa Kiarabu, ni ya tano, kwa kuwa Waarabu wanaanzia Jumapili. Ndiyo maana tuna siku mbili za tano zilizofuatana. Orodha ikiandika "Hamisi: wa tano", msomaji ataelewa mtoto wa tano kwa mama yake, kama ambavyo Mosi, Pili na Tatu kweli hufuata mpangilio wa kuzaliwa. Hamisi ni mtoto wa Alhamisi. Juma ni mtoto wa Ijumaa, ingawa juma lenyewe ni wiki. Rajabu, Shabani na Ramadhani ni miezi, Ashura ni siku ya kumi ya Muharram, Mwanaidi ni binti wa sikukuu, Chausiku alizaliwa usiku. Tabu, Shida na Mashaka hueleza hali ya nyumba siku ile. Ukimtafutia Shida maana tamu unamfutia bibi aliyempa jina sababu yake.

Majina ya Kiarabu yaliyoingia Kiswahili yanahitaji jicho la hati. H yetu moja imebeba sauti tatu za Kiarabu: Halima ina ح, Harun ina ه, na Hadija, kwa wasioandika Khadija, ina خ. Herufi ya Kiarabu ain (ع) ya Ali, Omari na Athumani haionekani kabisa katika herufi za Kirumi. Urefu wa irabu nao hupotea, na mkazo wetu, unaoangukia silabi ya pili kutoka mwisho, husawazisha kila kitu. Tazameni Amina. Mama yake Mtume ni Āmina, irabu ya kwanza ndefu, aliye salama. Kuna Amīna, irabu ya pili ndefu, mwaminifu. Kwetu yote mawili hutamkwa sawasawa, na juu yake kuna amina ya kufungia sala kanisani. Bila kuona jina lilivyoandikwa kwa hati ya Kiarabu, au kumuuliza aliyelitoa, hakuna anayeweza kusema kwa uhakika Amina huyu ni yupi. Jamali ni uzuri, jamāl. Ukifupisha irabu unapata ngamia. Zahara ni ua au mng'aro, Zuhura ni ile sayari ing'aayo alfajiri, na jangwa la Sahara lina herufi nyingine kabisa, ingawa kuna orodha zinazomwandikia Zahara "jangwa".

Khadija mara nyingi huandikiwa "mwaminifu". Mzizi kh-d-j unahusu kuzaliwa kabla ya siku kutimia. Tunajua kwa nini mhariri aliona haya kuliandika hilo. Lakini mzazi Mwislamu anamwita bintiye Khadija kwa heshima ya mke wa kwanza wa Mtume. Sababu hiyo ni kubwa kuliko tafsiri ya mzizi na haihitaji kupambwa. Andikeni yote mawili, kila moja mahali pake.

Kuhusu majina ya makabila mengine kubandikwa "Kiswahili" tutasema kwa ufupi kwa kuwa kosa liko wazi. Otieno na Akinyi ni Kijaluo, wa usiku na wa asubuhi. Makena ni jina la Wameru, la furaha. Mwende ni Kikamba, apendwaye. Kulwa na Doto ni mapacha wa Wasukuma na Wanyamwezi, na Shija ni anayewafuata. Kwa Wakikuyu, Wanjiru ni jina ambalo mara nyingi msichana hulipata kwa bibi yake: binti wa kwanza huitwa jina la mama wa baba, wa pili jina la mama wa mama. Hapo "maana" ni mtu, bibi mwenyewe, na orodha inayotoa tafsiri ya neno bila kutaja utaratibu huo imekosa jambo lenyewe.

Kwa nini tunashikilia? Tangu miaka ya 1960 familia nyingi za Wamarekani weusi zimechagua majina ya Kiswahili kwa makusudi. Kwanzaa, aliyoianzisha Maulana Karenga mwaka 1966, ina nguzo saba zenye majina ya Kiswahili, na mbili kati yake, Nia na Imani, zikawa majina ya wasichana. Hawa ni watu ambao mababu zao walinyang'anywa majina. Wanapokuja kwetu kutafuta jina, kuwapa la kubuni ni kuwaumiza palepale walipoumizwa. Na hatuwasemi kwa kumwita binti Nia, ingawa Mtanzania huenda asikutane na Nia mtaani kwake. Jina ni halali. Historia yake ni ya Marekani, na historia hiyo inastahili kuandikwa kama ilivyo badala ya kusingiziwa kwamba ni jina la kale la pwani.

Sasa jinsi ya kuhakiki. Anza na umbo kamili la jina, pamoja na hati ya Kiarabu kama linatoka huko na alama za irabu kama linatoka Kikuyu. Halafu tenga neno na jina. Kamusi itakuthibitishia neno. Karibu kamwe haikuthibitishii kwamba watu huitwa hivyo. Kwa neno, fungua angalau kamusi mbili za zama tofauti: Kamusi ya Kiswahili Sanifu, iliyotoka mara ya kwanza 1981, na moja ya zamani, ya Krapf ya 1882 iliyojengwa juu ya Kimvita, lahaja ya Mombasa, au ya Sacleux ya 1939, ambayo huonyesha lahaja na asili. Neno lisipokuwemo hata moja, na hakuna lahaja inayolijua, alama ya "Kiswahili" iondoke siku hiyohiyo.

Kwa jina, tafuta wenye nalo. Madaftari ya ubatizo, vitabu vya ndoa vya makadhi, orodha za wahitimu, mawe ya makaburi. Kipimo tunachopendekeza ni watu watatu wasio wa ukoo mmoja, waliozaliwa kabla ya 1990, yaani kabla orodha za intaneti hazijaanza kuzaa majina. Hesabuni tu; msinakili habari za mtu binafsi.

Kuuliza wasemaji kuna adabu yake, na wengi wanaharibu hapa. Ukimwuliza mzee wa Kiswahili, "Je, ni kweli Bakari maana yake ni ahadi njema?", atakuitikia kwa upole, kwa sababu mgeni hakatizwi kwa ubishi. Kisha utaandika kwamba umethibitisha. Usimpe jibu ndani ya swali. Muulize: "Huku kwenu nani huitwa hivi, na kwa nini?" Kaa kimya usikilize. Uliza watu wa miji miwili tofauti, mmoja wa pwani na mmoja wa bara, au wa Goma na Bukavu kama jina linatumika huko. Utaona kwamba Amani kwa Wakongo wa mashariki kwa kawaida ni mwanamume, na kwamba Bahati huitwa wa kiume na wa kike. Kiswahili hakina jinsia katika sarufi, kwa hiyo safu ya "kike" au "kiume" mnayojaza kwa kukisia mwisho wa a au i haina msingi wowote.

Jihadharini na ushahidi unaojizungusha. Tovuti kumi zikiandika maneno yaleyale, kwa mpangilio uleule, hicho ni chanzo kimoja kilichonakiliwa mara kumi. Chukua fungu la maneno lisilo la kawaida katika maelezo na ulitafute. Likirudi neno kwa neno, lihesabu mara moja. Siku hizi programu za akili mnemba nazo husoma orodha zenu na kumjibu mzazi kwa ufasaha ambao unamfanya asitilie shaka. Kosa mlilolichapisha mnaendelea kulisambaza hata pale ambapo hamjui limefika.

Mwisho wa uhakiki, andika kiwango: hakika, inaelekea, au haijathibitishwa. Si aibu. Wataalamu bado wanabishania asili ya Mariamu, na mstari unaosema hivyo ni bora kuliko ule unaochagua tafsiri moja kwa kupendeza kwake. Andika pia tarehe na jina la mhakiki.

Mtasema kazi ni kubwa. Neema, Baraka au Tumaini ni dakika chache. Dalila inaweza kula siku nzima. Mhakiki mmoja akipitia majina sita kwa siku, majina mia tatu humalizika kwa siku 50 za kazi, yaani wiki kumi. Mlipeni. Msimwombe mwanafunzi afanye bure kwa kubadilishana na jina lake kuandikwa mwishoni kwa herufi ndogo.

Kwenu BAKITA, mliopo kisheria tangu 1967, na BAKIZA upande wa Zanzibar: tunaomba daftari la wazi la majina ya watu, lisomwe bure mtandaoni, mkishirikiana na TATAKI, Taasisi ya Taaluma za Kiswahili ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na wataalamu wa vyuo vya Kenya na Kongo. Anzeni na hayo mia tatu. Muwe na anwani moja ambapo mchapishaji yeyote duniani ataandika kuuliza na kujibiwa. Na kwa makarani wa vizazi tuna ombi dogo: mzazi akiandika Khadija msimsahihishie kuwa Hadija, na akiandika Hadija msimwongezee k. Tahajia aliyoitoa ndiyo kumbukumbu, na mhakiki wa kesho ataitegemea.

Kwenu wachapishaji, tunaomba safu ya "maana" ivunjwe iwe nne: lugha inayolitumia jina, lugha lilikotoka neno, tafsiri ya neno, na sababu ya kupewa. Safu isiyo na jibu ibaki wazi. Marekebisho yakifanyika yaonekane, na waliowanakili wajulishwe. Mstari wa kwanza tumewaandikia sisi:

Bakari. La kiume. Hutumika kwa Waislamu wa pwani na bara ya Afrika Mashariki. Ufupisho wa Abubakari, kutoka Kiarabu Abū Bakr, abū, baba, bakr, ngamia kijana. Hupewa kwa kumkumbuka khalifa wa kwanza, au mzee wa ukoo mwenye jina hilo. Kiwango: hakika. Maelezo ya awali, "mwenye ahadi njema", yamefutwa kwa kukosa ushahidi.

Ni sisi,
wahariri wa kamusi na wafasiri wa Kiswahili